Mwezi utatoka baharini ukiwa umeshaliwa: tarehe za kupatwa kwa sie wa Tanga

Jumapili ile ya tarehe 7 Septemba mwaka jana tulikaa uani kwa bibi, Ngamiani, mkeka umetandikwa, taa ya uani nimeizima, na bibi macho yote mawili yana mtoto wa jicho kwahiyo mwezi anauona kama doa la maziwa tu, basi kila baada ya dakika mbili tatu ananiuliza "umefika wapi?" na mie namsimulia, bibi umeanza kuliwa kwa chini, bibi umebaki kipande kama cha embe, bibi sasa hauna mwanga kabisa ila upo, mwekundu kama kaa linalotaka kuzima. Ilikuwa saa 2 na nusu usiku. Ukakaa hivyo hivyo mwekundu mpaka karibu saa 4 kasoro, dakika 82 nzima, na msikiti wa jirani washaitana kuswali sala ya kupatwa, ile ya rakaa mbili zenye rukuu nne, unasikia imamu anavuta kisomo mpaka unahisi mtaa mzima umetulia.

Bibi akasema zamani wao walikuwa wanaambiwa chewa kaumeza mwezi. Chewa huyu huyu samaki, ila wa mbinguni. Watoto wanatoka nje na masinia na michi wanagonga ili autapike, na wakigonga kweli baada ya muda mwezi unarudi, sasa nani atawaambia kuwa si kwa sababu ya masinia? Kisha akanyamaza kidogo akauliza, "mwingine lini, mwanangu?"

Sikuwa na jibu. Na hilo likaniuma, kwa sababu mambo haya yanajulikana miaka mamia mbele, mpaka dakika yake, halafu sie tunayapata asubuhi ya siku yenyewe kwenye grupu la WhatsApp, tena yakiwa yameshaharibika njiani. Mnakumbuka mwaka jana ile meseji iliyozunguka kwamba Agosti 2 dunia nzima itaingia giza dakika 6? Watu wamenunua mishumaa. Haikutokea kitu, kwa sababu aliyeanzisha alichanganya, hiyo Agosti 2 ipo kweli lakini ni ya mwaka 2027, wala si dunia nzima, nitaifikia hapo chini. Basi nimekaa nikakusanya baadhi ya zile zinazotuhusu sie tulioko pwani ya Tanga, za Bagamoyo zinatofautiana na zetu dakika chache tu za mwezi kuchomoza na kuzama kwahiyo ndugu zangu wa huko tumieni hizi hizi.

Kwanza kitu kimoja ambacho mvuvi yeyote wa Deep Sea hapa Tanga anakijua hata kama hajakifikiria hivi. Hakuna kupatwa kunakotokea maji mafu, yaani zile siku bahari haijai sana wala haipwi sana. Mjomba wangu ndo alinifungua macho hapo, yeye hajui mambo ya sayari ila anajua bamvua, yale maji makubwa, na bamvua linakuja mwezi ukiandama na mwezi ukiwa mpevu, kwa sababu jua na mwezi na dunia vimekaa kwenye mstari vinavuta maji kwa pamoja. Sasa kupatwa ni mstari huo huo ukinyooka zaidi. Mwezi ukipita katikati yetu na jua, jua linapatwa, na hiyo ni lazima iwe mwisho wa mwezi, tarehe 28 au 29 za mwezi wa Kiislamu. Dunia ikikaa katikati ikauwekea mwezi kivuli, mwezi unapatwa, na hiyo ni lazima iwe mwezi mpevu, 14, 15 hapo. Ukisikia mtu anakwambia mwezi utapatwa tarehe 5 ya mwezi mfungo, usimsikilize.

Utauliza mbona basi kila mwezi hakuna. Njia ya mwezi imeinama kidogo, kama nyuzi 5 hivi, kwahiyo mara nyingi unapita juu ya kivuli au chini yake. Kama mara mbili kwa mwaka ndo njia zinakutana, na zikikutana mara nyingi tunapata jozi, jua linapatwa halafu wiki mbili baadaye mwezi, au kinyume chake. Wekundu nao unatokana na hewa ya dunia, mwanga wa jua unapita pembeni mwa dunia unapindishwa kuingia kivulini, ule wa bluu unatawanyika njiani mwekundu unafika, ndo rangi ile ile unayoiona jua likizama.

Haya, tarehe sasa.

Mwaka huu 2026 ile jozi ni Agosti. Tarehe 12 jua linapatwa kikamilifu lakini huko Greenland, Iceland na Hispania, sie hatuoni hata kidogo, saa hizo kwetu jua limeshazama. Ila mwenzake ni wetu. Ijumaa tarehe 28 Agosti alfajiri, mwezi unaanza kuingia kivulini saa 11:33, yaani umeshaswali alfajiri unatoka msikitini unavaa ndala unatazama magharibi, uko chini chini unaelekea kuzama, na utaona unaanza kuliwa upande wa juu. Kilele chake ni saa 1:13 asubuhi ambapo kivuli kitakuwa kimefunika zaidi ya asilimia 90 ya upana wake lakini hapo sie mwezi utakuwa umeshatuzamia, kwetu unazama mida ya saa 12 na nusu hivi ukiwa umeliwa kama nusu. Ni mfunguo sita, siku chache tu baada ya Maulidi, watu bado wana usingizi wa madufu, ila naomba muamke. Shida ni kwamba sie pwani tumepewa mashariki, magharibi kwetu kuna majumba na minazi, kwahiyo tafuta gorofa au uwanja ulio wazi kama kule upande wa uwanja wa ndege. Walioko Lushoto mna bahati, pale Irente mnatazama bonde lote kule chini, muombe tu ukungu usipande.

Mwaka kesho 2027 ndo ile Agosti 2, Jumatatu. Hii kwa dunia ni kubwa sana. Kivuli kinaanzia Atlantiki kinapita Hispania na Moroko, Algeria, Tunisia, Libya, Misri, kinavuka bahari ya Shamu, kinapita Jeddah na Makka yenyewe, Yemen, kinamalizia pembe ya Somalia na kutokomea bahari ya Hindi. Karibu na Luxor jua litafichika kabisa kwa dakika 6 na sekunde 20 na kitu, ni ndefu mno, kwa kawaida watu wanasafiri nusu ya dunia kutafuta dakika 2. Hebu fikiria aliyeko Msikiti Mtukufu mchana ule, nyota zinaonekana. Sie Tanga tutapata sehemu tu, mchana baada ya adhuhuri jua litamegwa upande mmoja, halitazimika, mwanga hata hautapungua sana na asiyeambiwa hatajua kama kuna kitu. Na hapo ndo penye hatari.

Nataka nikae hapa kidogo. Mwezi ukipatwa tazama utakavyo, kwa macho matupu, kwa darubini, usiku kucha, haina madhara yoyote. Jua ni kitu kingine kabisa. Likiwa limebaki hata ukucha mmoja bado linaunguza jicho kwa ndani, na kule ndani ya jicho hakuna maumivu, mtu anatazama anaona sawa tu halafu jioni au kesho yake anakuta katikati ya anachokitazama kuna doa jeusi na doa lile linaweza lisiondoke tena. Miwani ya jua ya kawaida haifai hata uvae mitatu. Picha ya eksirei haifai, CD haifai, kioo kilichopakwa moshi wa kibatari haifai, na lile la wazee la kutazama kwenye beseni la maji nalo halifai. Kinachofaa ni miwani maalumu ya kutazamia jua iliyoandikwa ISO 12312-2 na haina mikwaruzo wala tundu, au kioo cha kuchomelea namba 14, sio 10 wala 11 ambazo ndo mafundi wengi wanazo. Agizeni mapema jamani, wiki ya mwisho zinakuwa hazipatikani au zinauzwa za uongo.

Na kama huna hela ya miwani ipo njia ambayo mie nimeiona kwa macho yangu. Septemba 1 mwaka 2016, Alhamisi ile jua lilipopatwa kipete, yaani likabaki duara la moto pembeni, watu walienda mpaka Rujewa kule Mbarali mkoa wa Mbeya maana ndo njia ilipita hapo, na Dk. Noorali Jiwaji wa Chuo Kikuu Huria alikuwa akilieleza kwenye vyombo vya habari tangu mapema, sie wengine tulibaki Tanga na hapa jua lilimegwa kipande kikubwa. Nilikuwa nimesimama chini ya mkungu karibu na Raskazone, sina miwani, nimejikataza kabisa kutazama juu, nikatazama chini. Mchangani kumejaa miezi midogo midogo. Kila kitundu cha mwanga katikati ya majani kimekuwa hilali, mamia, zote zimeelekea upande mmoja na upepo ukipiga zinacheza. Nilipiga goti pale. Ni kwamba kila tundu dogo linachora sura ya jua chini, siku zote inachora duara ndo maana hatuistukii. Kwahiyo chukua chujio la plastiki lile lenye matundu, au kipande cha boksi ukitoboe kwa sindano, lipe jua mgongo, acha mwanga upite uangukie kwenye karatasi nyeupe, tazama karatasi. Usichungulie kwenye tundu, tazama karatasi. Paa la makuti lililochakaa nalo linafanya kazi hiyo hiyo sakafuni.

Siku ile mdogo wangu alikuwa darasa la nne kwenye shule moja hapa mjini. Wakafungiwa madarasani, madirisha yakafungwa na mapazia yakashushwa mpaka mchana upite, wakaambiwa wakitoka watapofuka. Najua walimu waliogopa, na kuogopa macho ya watoto wa watu ni jambo la haki. Lakini ule mwanga wa hilali ungeweza kuingia mle mle darasani kwa kitundu kimoja dirishani, ukaangukia ukutani watoto arobaini wakauona bila mtu yeyote kutazama jua. Aliporudi nyumbani nikamsimulia habari ya mkungu akalia, analia kweli, anasema "kumbe ilikuwa hapo nje." Sasa hivi ni mtu mzima ana miaka 20 na bado ananikumbusha. Mwalimu unayesoma hapa, 2027 ni Jumatatu, inawezekana ikaangukia siku za shule, chukua boksi na sindano.

Sasa ile ninayoisubiri mie kuliko zote. Jumapili tarehe 31 Desemba 2028, mkesha wa mwaka mpya.

Mwezi unaanza kuingia kivulini saa 12:07 jioni, sie hatuuoni bado maana uko chini ya bahari. Jua linazama nyuma yetu mida ya saa 12 na dakika 40 hivi, na muda huo huo mbele yetu mwezi unachomoza baharini, kaskazini kidogo ya upande wa Pemba, na utachomoza ukiwa umeshaliwa karibu nusu, kwa chini. Yaani utatoka kwenye maji ukiwa pungufu. Halafu giza linavyozidi kuingia nao unazidi kuliwa, saa 1:16 usiku unakuwa mwekundu wote na unabaki hivyo mpaka saa 2:28, unapanda taratibu juu ya bahari na rangi yake. Nimepiga hesabu hii mara nyingi nikiogopa nimekosea, sijakosea. Sie tumewekwa mahali pake hasa. Na utakuwa usiku wa mwezi wa Shaabani, kwenye nisfu, ule usiku wa katikati ya mwezi, pale pale au siku moja mbele yake kutegemea mwezi utaandama lini, kwahiyo wapo watakaokuwa kwenye ibada, wapo watakaokuwa na fataki za mwaka mpya, na mwezi mmoja huo huo juu yao.

Pa kukaa: Raskazone na Sahare ni karibu kwa walio mjini, ila mie ningeenda Mwambani au Tongoni kwenye magofu, ufukwe unatazama bahari wazi na hakuna taa za mji. Bagamoyo ufukwe wenu wote unatazama mashariki, hamna haja ya kwenda popote. Desemba ni kaskazi, vuli inakuwa imeshaisha au inaishia, mawingu ya baharini yapo lakini mara nyingi ni yale ya vipande vipande yanapita. Na kumbukeni nilichosema, ni bamvua, maji yanajaa mida ya saa 10 alasiri na kupwa kabisa mida ya saa 4 usiku, kwahiyo ukifika jioni utakuta maji ndo yanaanza kukimbia na ufukwe unaongezeka, mkeka hautalowa. Wenye ngalawa wanaotaka kuutazama kutokea majini wapigie hesabu ya kurudi, msije mkaachwa nje na maji.

Kabla ya hapo ipo ndogo, Alhamisi tarehe 6 Julai 2028, mwezi unamegwa zaidi ya theluthi, kilele saa 3:20 usiku, saa nzuri tu hata watoto hawajalala.

Mwaka 2029 tuna mbili kamili. Jumanne tarehe 26 Juni alfajiri, kivuli kinaanza saa 10:32, saa 11:31 mwezi wote mwekundu, na kwetu unazama ukiwa bado mwekundu, wenye gorofa zenu mnajua la kufanya. Nyingine ni usiku wa kuamkia tarehe 21 Desemba, mwekundu kuanzia saa 7:14 mpaka saa 8:08 za usiku, mwezi uko juu angani, hii haihitaji kutafuta mahali, unatoka uani tu unalala chali.

Halafu Jumatano tarehe 21 Mei 2031 asubuhi, jua linapatwa kipete na njia yenyewe inapita tena Tanzania, ikitokea Angola, Zambia na Kongo, ikitoka kwetu inaelekea India kusini na Malaysia na Indonesia. Kipete ni pale mwezi unapokuwa mbali na dunia, unaonekana mdogo haulifuniki jua lote, panabaki duara la moto pembeni. Tanga hata tusipokuwa ndani ya njia yenyewe jua litamegwa sana. Wasiwasi wangu ni masika, Mei bado inaweza kuwa na mawingu, kwahiyo mwenye uwezo wa kusafiri aweke akiba na asifunge mahali pa kwenda mpaka siku mbili tatu kabla.

Kitu kimoja kuhusu saa maana kinawapoteza wengi. Mitandao ya nje inaandika saa za UTC, yaani saa ya kimataifa. Sie tunaongeza 3. Kisha ukitaka kuisema Kiswahili unatoa 6. Kwahiyo kilele cha ile ya Desemba 2028 kimeandikwa 16:52, kwetu inakuwa 19:52, ndo saa 1:52 usiku. Zote nilizoandika humu nimeshazigeuza.

Na msiogope. Wapo wanaosema kupatwa ni balaa, mjamzito asitoke, chakula kimwagwe. Siku aliyofariki Ibrahim, mtoto wa Mtume, jua lilipatwa, watu wakasema limepatwa kwa ajili yake, na Mtume mwenyewe, akiwa na msiba wake, akawaambia jua na mwezi ni ishara mbili katika ishara za Mwenyezi Mungu, hazipatwi kwa kufa mtu wala kuzaliwa. Bibi anaijua hadithi hiyo kwa moyo. Na chewa wake anamjua pia, anavisema vyote viwili kwenye mkeka mmoja.

Juzi nikaenda kumsomea tarehe zote hizi. Akazisikiliza mpaka mwisho, ya Desemba 2028 akaniambia nirudie, ikitokea baharini, ikiwa imeliwa chini. Akahesabu kwa vidole miaka yake. Kisha akasema kalenda ya mwaka huo haijatoka, chukua chaki uandike kwenye mlango wa kabati la vyombo, kwa ndani, asifute mtu. Nikaandika zote saba. Ile ya Agosti hii kaniambia nimpitie saa 11 alfajiri, nisimpigie simu, nigonge dirisha.